Mlinzi Aliyezimwa Jumatano

Lushoto, Jumapili alasiri

Mwanangu Hadija,

Sitaanza kwa kukuuliza hujambo, maana asubuhi tumekunywa uji meza moja na nimekuona u mzima, umemaliza bakuli na kuongeza. Wala sitakuandikia habari za kubeba sweta, kutia begi kufuli na kutopokea chakula cha mtu njiani. Hayo mama yako ameyasema mara nne tangu juzi, na mara ya nne alikuwa na upawa mkononi, kwa hiyo naamini yameingia.

Nakuandikia nikiwa ofisini, mlango nimeufunga. Wewe umekwenda Magamba kumuaga bibi yako, na namjua mama yangu, hatakuachia mpaka akufungie maharage ya kupeleka Dar es Salaam, kana kwamba huko hawayajui. Nina saa mbili tatu mbele yangu. Nina jambo moja tu la kukuambia, na nimelikalia miaka mitatu.

Wiki iliyopita nilikusikia jikoni ukimwambia mama yako, "Mama, nitaendaje na kitabu cha Mwalimu Hoza hakijaisha? Si bora niahirishe mwaka mmoja?" Mimi nilikuwa kibarazani napaka viatu rangi. Mama yako akakujibu kwamba chuo hakimsubiri mtu. Mimi nikaendelea kukipaka kiatu kimoja mpaka kikang'aa kumshinda mwenzake. Ilinipasa kuinuka pale pale niingie jikoni niseme. Sikuinuka, na ndiyo maana leo nina kalamu mkononi.

Historia ya ofisi hii unaijua, ila unaijua kwa namna ninavyowasimulia wageni. Huwa nasema niliona mbali. Sikuona mbali hata kidogo. Kiwanda cha mbao kilibinafsishwa, mwenye mali mpya akaja na watu wake, na sisi makarani tukapewa barua za shukrani. Nilikuwa nimepiga taipu pale miaka kumi na minane. Nilirudi nyumbani nikakaa mwezi mzima najifanya natengeneza uzio, kwa sababu mtu aliyeshika nyundo haulizwi sana maswali. Kisha nikasikia kwamba Tanga zinashushwa kompyuta za mtumba kutoka Ulaya, kama makoti, nikaenda nikaleta moja. Watu walitoka mpaka Magamba kuja kuitazama. Nilikuwa sijui hata kuiwasha sawasawa, lakini nilisimama mbele yake kama mtu aliyeiunda.

Nataka uelewe hapo, ingawa sisemi ili unihurumie. Nilikuwa nimepoteza kazi, na kitu pekee nilichobaki nacho ni hilo jina jipya, kwamba mimi ndiye mtu anayeijua kompyuta. Jina hilo nililipenda kuliko nilivyopaswa.

Wewe ndiye uliyeijua kweli. Fundi wa Tanga alipokuja kutuwekea antivirusi, alituachia na ile CD ya mchezo wa mpira, na wewe, kidato cha kwanza, ukaomba uucheze Jumamosi jioni wateja wakishaondoka. Nikakukubalia kwa masharti mengi, nikisema kompyuta ni ya kazi na michezo ni ya watoto. Ukaunda timu yako ukaiita Magamba, na golikipa ukampa jina la bibi yako, ambaye mpaka leo hajui kwamba ameokoa penalti nyingi hivyo. Nawakumbuka vijana wa sekondari walivyokuwa wakiingia hapa kwa majigambo na kutoka kimya. Nilijisikia fahari sana kuwa baba yako, lakini sikukuambia hata siku moja. Nilikuwa nakohoa tu na kupanga karatasi.

Sasa sikia jambo usilolijua. Na mimi nilikuwa nacheza.

Kile kibao cha mlangoni ulichoniandikia wewe mwenyewe kwa wino mwekundu, "Nimekwenda kuswali, narudi sasa hivi," siku nyingi kilisema kweli. Siku nyingine niliswali haraka haraka nyuma ya printa, kisha nikakaa kwenye kiti na kucheza mpira. Mtu mzima mwenye ndevu, nafungwa mabao sita na timu ambayo jina lake siwezi kulitamka. Mteja akigonga nabana pumzi mpaka achoke aondoke. Najua hapa unacheka. Cheka, mwanangu, nakupa ruhusa, maana mbele huko hakuna cha kuchekesha.

Kilichokuwa kikinichosha ni antivirusi. Kila nikikaribia goli, kidirisha kinachomoza katikati ya uwanja kunijulisha kwamba mashine inakaguliwa. Mchezo unajikunja chini, mpira unaganda hewani, na nikiurudisha nakuta nimekwisha fungwa. Tena nilikuwa nimeongeza antivirusi ya pili, niliyopewa na mteja mmoja, nikidhani walinzi wawili ni bora kuliko mmoja. Kumbe zilikuwa zinatiliana shaka zenyewe, kila moja inamkagua mwenzake, na mashine ikawa inatweta kwa kazi ndogo tu. Wewe uliliona hilo mapema. Uliniambia, kwa adabu yako yote, kwamba hizi mbili zinagombana, tuondoe moja, na hii itakayobaki tuielekeze vizuri. Nikakujibu kwamba mtoto wa kidato cha tatu hanifundishi ofisi yangu.

Jumatano moja, mchana, nilikuwa naongoza mabao mawili kwa moja. Ilikuwa mara ya kwanza maishani mwangu. Zikiwa zimebaki dakika chache, kidirisha kikachomoza. Nikapandwa na hasira, nikapeleka kipanya mpaka kule chini pembeni karibu na saa, nikazizima zote mbili. Mashine ikaniuliza kama nina hakika. Nikaijibu kwamba nina hakika. Nikashinda ile mechi, nikashusha kibao, nikafungua mlango na kuanza kuchapa kadi za harusi ya watu. Kuwasha tena hakukunijia akilini, si siku ile wala siku ya pili yake.

Ijumaa mteja alileta disketi yake nimchapie barua ya maombi ya kazi. Niliiingiza bila wasiwasi. Jumamosi jioni ukaja kucheza kama kawaida yako. Na Jumatatu alasiri, wewe umetoka shule hata sare hujavua, akaingia Mwalimu Hoza na fimbo yake kuja kuona kitabu chake kinatoka kwenye printa.

Sihitaji kukueleza kitabu kile kilikuwa nini, wewe unakijua kuliko mimi. Lakini acha niseme yaliyo upande wangu. Mwalimu alinifundisha darasa la tatu. Alipostaafu alikaa miaka akiandika kwa mkono methali za Kishambaa, hadithi alizosikia kwa wazee wake, majina ya miti na ya vijito ambavyo vingine havipo tena. Miezi minane alitushushia karatasi zake kila wiki, mimi na wewe tukazichapa. Tulipofika mwisho nikamwambia, kwa sauti ya mtaalamu, kwamba karatasi hazina kazi tena, kitabu kimo ndani ya kompyuta. Akaniamini. Ilikuwa Julai, baridi unaijua, na mke wa mwanawe akazitumia kuwashia moto. Nakala ya pili niliitia kwenye disketi, na disketi yenyewe, kila nilipomaliza ya mteja, nilikuwa nikiirudisha humo humo ndani ya mashine.

Nikafungua faili mbele ya Mwalimu. Hakukuwa na neno hata moja, vijisanduku tu na alama zisizosomeka, ukurasa baada ya ukurasa. Nikafungua ya disketi, ikawa vile vile. Barua za wateja, mitihani ya shule, zote. Kitu kimoja tu kilifunguka salama, mchezo wako, timu ya Magamba ikiwa imejipanga uwanjani. Watu wawili watatu walikuwa wameingia kutafuta fotokopi, wote wananitazama, mimi mtu anayeijua kompyuta. Nikageuka nikakunyooshea kidole.

"Mchezo wako umekula kitabu cha Mwalimu."

Hukubisha. Ulinitazama, ukamtazama Mwalimu, kisha ukapiga magoti pale sakafuni na sare yako ukasema, "Nisamehe, Mwalimu." Akakuinua kwa mkono wake mmoja, ule mwingine ukiwa kwenye fimbo. Alivaa kofia yake akaondoka, na mlango aliufunga taratibu.

Wakati ule, nakuapia, sikujua kwamba nasema uwongo. Nilikuwa nimesahau kabisa ile Jumatano. Ningeweza kuishia hapo ukanisamehe kwa urahisi. Lakini Alhamisi fundi alikuja kutoka Tanga, akakaa na mashine tangu asubuhi, na adhuhuri akaniita pembeni. Aliniambia kwamba antivirusi huandika kila inachofanya na kila inachofanyiwa. "Mzee, ilizimwa Jumatano ya wiki iliyopita, saa saba na nusu mchana. Na hao virusi wameingia kwa disketi Ijumaa. Nani alikuwa hapa Jumatano?"

Saa saba na nusu mchana, Jumatano, wewe ulikuwa darasani. Nilimwambia sijui. Nikamwambia pia kwamba jambo hilo liishie hapo kati yetu. Alinitazama kidogo, akakusanya bisibisi zake.

Kwa hiyo uwongo wangu haukuanza Jumatatu mbele ya watu. Ulianza Alhamisi, mimi na fundi peke yetu, nilipoujua ukweli nikauweka mfukoni. Jioni ile ulinisalimia shikamoo kama kawaida nikaitikia marahaba, na tangu siku hiyo sijawahi kuitikia salamu yako bila kujisikia mwizi.

Jumamosi yake ukachukua daftari kubwa, lile la mistari lenye jalada gumu, ukaenda kwa Mwalimu. Macho yake yalikwisha ingia mtoto wa jicho, asingeweza kuandika upya, kwa hiyo yeye akawa anasema na wewe unaandika. Nilidhani utachoka baada ya mwezi. Hukuchoka. Miaka mitatu, kila Jumamosi, mvua au jua, na sasa ni daftari la tatu. Mchezo hukuugusa tena. Hata kompyuta ukawa unaigusa kwa kuomba ruhusa, "Baba, nibonyeze hapa?" wewe uliyekuwa unanifundisha mimi. Na watu wakawa wananisimamisha sokoni kunipongeza, wanasema nimelea. Nilikuwa nawashukuru. Nilizipokea sifa zile kwa mikono miwili, Hadija, na hilo ndilo linalonichoma kuliko yote.

Utaniuliza kwa nini sikusema. Kwanza niliona aibu. Kisha nikajiambia nitasema ukimaliza mtihani. Kisha nikajiambia kwamba, kwani mtoto ameharibikiwa nini, si anajifunza Kishambaa cha ndani na kumsaidia mzee? Mtu akitaka kujidanganya hakosi maneno. Kila Jumamosi niliyonyamaza iliifanya inayofuata kuwa ngumu zaidi, mpaka ikafika nikawa nasali inyeshe mvua usiende, nipate kupumzika na dhamiri yangu siku moja.

Usiku mwingi sikulala, lakini mchana nilijifunza. Baada ya fundi kuondoka nilikaa na maelezo ya ile antivirusi pamoja na kamusi, neno kwa neno, kama mtoto wa darasa la kwanza. Nikakuta kwamba lile uliloniambia lilikuwa sahihi tangu mwanzo. Niliondoa moja ikabaki moja. Ile iliyobaki nikaipangia muda wa kukagua mashine nzima, Ijumaa wakati wa swala, ofisi inapokuwa imefungwa kweli, na siku hizi ukikiona kibao mlangoni ujue nimo msikitini. Vile vidirisha nikaviambia vikae kimya mtu anapocheza, vitoe taarifa akimaliza. Kisha nikalikagua folda la mchezo wako lote, nilipohakikisha ni safi nikaliandika kwenye orodha ya vitu visivyosumbuliwa, hilo peke yake, si diski nzima kama alivyoniambia kijana mmoja mvivu. Disketi za wateja hazina msamaha, hata akija nazo mkuu wa wilaya. Tangu hapo mchezo unakwenda bila kukwama na mlinzi yuko kazini. Kazi yote ilinichukua saa moja. Saa moja tu, na mimi niliona ni rahisi zaidi kuzima.

Utajiuliza nimejuaje kwamba mchezo unakwenda bila kukwama, wakati nilikuambia nimeufuta na CD nimeitupa chooni. Sikuufuta. CD ilikuwa ndani ya kasha la taipu yangu ya zamani. Timu yako imo humo humo, nafasi ya pili kwenye ligi kama ulivyoiacha. Sikuicheza, ni yako, ila mara moja moja nilikuwa naifungua nikaitazama.

Huko uendako kutakuwa na vyumba vizima vya kompyuta. Nataka ukae mbele yake kama ulivyokuwa ukikaa ukiwa kidato cha kwanza, bila kumwomba mtu ruhusa ya kubonyeza. Ukitaka kucheza, cheza. Mchezo haukula kitabu. Aliyekila ni mimi, kwa ajili ya mabao mawili kwa moja.

Asubuhi, baada ya uji, nilisema nakwenda kuona fundi wa paa. Nilikwenda kwa Mwalimu Hoza. Nilimkuta anaota jua nje, blanketi mabegani. Nikampa shikamoo, nikakaa chini, nikamwambia yote, Jumatano, kibao, fundi, mpaka karatasi zilizowasha moto. Alinisikiliza bila kunikatiza. Nilipomaliza nikadhani atanifukuza, na ningeondoka bila kinyongo. Akaniuliza kama wewe unajua. Nikasema bado.

"Basi mwambie leo, kabla hajapanda gari," akasema. "Asiondoke na mzigo wako kichwani. Na daftari liko ndani, juu ya kabati. Kalete, mghosi. Hadija aliniachia kwenye majina ya miti."

Aliponiita mghosi, kama mwanamume mwenzake, nikainuka nikaleta. Akaanza kusema, nikaanza kuandika, na mti wa tatu tu akanikemea kwamba mwandiko wangu unakwaruza, anausikia. Kumbe wako hausikiki. Tuliandika mpaka adhana. Aliniambia maneno mengine yake hayaji upesi kama zamani, mengine hayaji kabisa, na hilo siwezi kulirekebisha, litabaki kuwa deni langu kwake mpaka mmoja wetu afe. Lakini kuanzia Jumamosi hii anayekwenda ni mimi. Nimemwahidi, na leo nakuahidi na wewe. Usiahirishe chuo kwa ajili ya kosa ambalo hukulifanya.

Barua hii nilikusudia kuificha chini ya nguo ndani ya begi, pamoja na CD yako, uzikute basi likishashuka Mombo na mimi nikiwa mbali na macho yako. Nilikwisha kuikunja nikaitia bahasha. Halafu nikakitazama kile kibao ukutani nikaona ni ujanja ule ule, wa kutundika maneno mlangoni na kujificha ndani.

Kwa hiyo nitakupa mkononi leo, tukishakula, na mama yako awepo. Na yeye hajui. Uisome chumbani kwako kwa nafasi yako, wala usinijibu kwa adabu, jibu vile unavyojisikia. Ukikasirika, una haki. Ukitaka kesho usindikizwe stendi na mama yako peke yake, nitakuelewa, nitakubebea begi mpaka getini tu.

Mimi nitakuwa nimekaa sebuleni. Sina mteja, sina swala ninayoikimbilia, na kibao nitakuwa nimekuja nacho nyumbani, nimekitia jikoni kwenye kuni.

Nipo.

Baba yako